Oscar Micheaux, Mtengenezaji wa Picha za Sinema kwa Fedha Kidogo



Jioni hii twapenda kuwaeleza habari za mtu mmoja wa Marekani aliyefanya kazi ya kutengeneza picha za sinema kwa muda wa miaka 30, na katika miaka hiyo yote hakuwa hata siku moja na fedha za kutosha. Jina lake Oscar Micheaux. Jina hilo la pili asili yake ni ya Kifaransa, nalo hutamkwa "Misho"; twalisema mapema ili ninyi mtakaolikuta katika kitabu msisumbuke na herufi zake.

Wengi wetu tukitazama sinema huwakumbuka wachezaji tu, yule aliyepanda farasi na yule aliyelia. Lakini kabla mchezaji yeyote hajasimama mbele ya mashine ya kupigia picha, yuko mtu mmoja aliyekwisha kukosa usingizi. Huyo ndiye atafutaye fedha, akodiye mashine, anunuaye utepe wa picha, awalipaye wachezaji, na mwisho, picha ikiisha kuwa tayari, hutafuta nyumba itakayokubali kuionyesha. Katika makampuni makubwa ya Hollywood kazi hizo ziligawanywa kwa watu mamia. Micheaux alizifanya karibu zote yeye mwenyewe: alitunga hadithi, akaomba fedha, akawaongoza wachezaji, akakata utepe na kuuunga, kisha akautia katika mkoba, akapanda gari moshi kwenda kuuza.

Alizaliwa tarehe 2 Januari 1884, karibu na mji mdogo uitwao Metropolis katika jimbo la Illinois. Babaye alizaliwa mtumwa huko Kentucky, na nyumba yao ilikuwa na watoto kumi na watatu. Alipokuwa na umri wa miaka 17 aliondoka kwao akaenda Chicago, akafanya kazi hii na hii, na kung'arisha viatu vya watu, hata akapata kazi ya utumishi katika magari ya kulala ya reli. Kazi hiyo ilikuwa kutandika vitanda, kubeba mizigo na kusafisha viatu vya abiria usiku wakiwa wamelala. Mshahara ulikuwa mdogo, bakshishi ndiyo iliyomlisha mtu. Walakini Micheaux alipata humo vitu viwili ambavyo havikuandikwa katika mkataba wake. Aliiona nchi yote ya Marekani kwa dirisha, na alijifunza jinsi ya kusema na watu matajiri ili wafungue mifuko yao.

Fedha alizoweka akiba alizitumia kununua shamba. Yapata mwaka 1905 alikwenda jimbo la South Dakota, katika wilaya ya Gregory, mahali ambapo serikali ilikuwa ikiwagawia walowezi ardhi iliyokuwa zamani ya Wahindi Wekundu. Majirani zake karibu wote walikuwa wazungu. Yeye hakuwa amezoea kulima nchi ya namna ile, ngumu kama ngozi kavu, na katika kununua wanyama wa kukokota jembe alipunjwa, wenyeji walimcheka. Akaendelea kulima, hata wale waliomcheka wakanyamaza. Kisha ukame ukaja. Alikuwa amemwoa binti wa mhubiri wa Chicago, lakini bibi yule hakuyaweza maisha ya nyika, akarudi kwa babaye, na ndoa ikavunjika. Shamba nalo likamtoka mkononi.

Sasa tazameni alilolifanya. Mtu mwingine aliyepoteza mke na shamba angaliomba kurudishwa katika kazi yake ya reli. Micheaux aliketi akaandika kitabu juu ya misiba yake. Kiliitwa The Conquest, yaani Ushindi, nacho kilitoka mwaka 1913. Alikichukua kitabu hicho nyumba kwa nyumba, shamba kwa shamba, akawauzia wakulima wale wale walioishi naye, na wengi wao hawakuwa na desturi ya kununua vitabu. Walinunua kwa sababu muuzaji alisimama mlangoni, akasema vema, na hakuondoka upesi. Mwaka 1917 alitoa kitabu kingine, The Homesteader, ambacho kwa lugha yetu twaweza kukiita Mkulima wa Shamba Jipya. Nacho chasimulia mambo yale yale, ila kwa majina mengine.

Kitabu hicho ndicho kilichomleta katika sinema, na kwa njia ambayo hakuitazamia. Walikuwako ndugu wawili, George Johnson na Noble Johnson, watu weusi, waliokuwa wameanzisha kampuni ndogo ya sinema mwaka 1916. George alikuwa karani wa posta katika mji wa Omaha. Mwaka 1918 alimwandikia Micheaux barua akitaka ruhusa ya kukifanya kitabu chake kuwa picha. Micheaux alifurahi, akajibu kwamba anakubali, ila kwa sharti moja: yeye mwenyewe awepo na aisimamie kazi hiyo. Kumbukeni kwamba mtu huyu hakuwa ameshika mashine ya picha maisha yake yote. Akina Johnson walikataa, na kwa kweli hatuwezi kuwalaumu. Ni fundi gani atakayekubali kufundishwa kazi na mteja wake? Mapatano yakavunjika.

Basi Micheaux akaazimu kuitengeneza picha mwenyewe. Alifungua kampuni, akaigawanya katika hisa, na kila hisa akaiuza kwa dola 75 hadi 100. Nani wangenunua? Aliwarudia wale wakulima wa pande za Sioux City waliokwisha kununua vitabu vyake. Sisi twaona kwamba hapo ndipo penye siri ya kazi yake yote. Hakuwaendea watu wa benki, ambao wangalimfukuza mlangoni. Aliwaendea watu waliomjua kwa uso, waliokwisha kupeana naye fedha na bidhaa, wakaona kwamba alichoahidi alikileta. Mwezi wa Februari 1919 picha ya The Homesteader ilionyeshwa Chicago. Ilikuwa picha ndefu ya kwanza katika Marekani kutengenezwa na mtu mweusi.

Pengine mtauliza: kulikuwa na haja gani? Picha zilikuwa tele. Zilikuwa tele, lakini zilimwonyesha mtu mweusi kama mjinga, au mwizi, au mtumishi wa kuchekesha. Mwaka 1915 ilitoka picha iitwayo The Birth of a Nation, iliyotengenezwa na D. W. Griffith kwa ustadi mkubwa na gharama kubwa. Picha hiyo iliwasifu wale watu waliojifunika nguo nyeupe na kuwatesa watu weusi baada ya vita vya kukomesha utumwa, na wahalifu wake weusi walichezwa na wazungu waliojipaka masizi. Mamilioni ya watu waliitazama. Mwenye kutaka kuijibu alihitaji sinema, kwa kuwa gazeti halikuweza kufuata mahali picha ilipofika.

Jibu la Micheaux lilitoka Januari 1920. Liliitwa Within Our Gates, maana yake Ndani ya Malango Yetu. Twaomba ruhusa ya kukawia kidogo hapa, kwa sababu picha hii ipo hata leo na yaweza kutazamwa.

Ni hadithi ya mwalimu wa kike, Sylvia Landry, afundishaye katika shule ya watoto maskini weusi kusini mwa Marekani. Fedha za serikali ni chache mno, na mkuu wa shule hana moyo wa kumfukuza mtoto yeyote. Shule yahitaji dola 5,000, la sivyo itafungwa. Sylvia asafiri mpaka Boston kuomba msaada. Siku moja amwokoa mtoto asikanyagwe na motokaa, akagongwa yeye, na kumbe mwenye motokaa ni bibi tajiri. Bibi huyo ataka kuisaidia shule, lakini rafiki yake atokaye kusini amwambia kwamba kumsomesha mtu mweusi ni hasara. Afadhali ampe mhubiri fulani dola 100 awanyamazishe watu wake. Bibi yule akasirika, na badala ya 5,000 atoa 50,000.

Kama picha ingaliishia hapo, ingalikuwa hadithi nzuri ya shule. Lakini ndipo Micheaux aturudishapo nyuma, atuonyeshe mambo yaliyompata Sylvia zamani. Baba aliyemlea alikuwa mkulima aliyelima ardhi ya tajiri na kugawana naye mavuno, na tajiri ndiye aliyeandika hesabu. Sylvia, akiisha kusoma, aliifanya hesabu ya baba yake upya. Baba aliichukua karatasi ile akaenda kudai haki yake. Wakati wakibishana, mzungu maskini aliyekuwa na kisasi chake mwenyewe alimpiga tajiri risasi kutoka dirishani. Mtumishi mmoja mweusi, mpenda kujipendekeza, hakumwona aliyepiga. Akakimbia mjini kutangaza kwamba muuaji ni mkulima. Watu wakakusanyika, wakamkamata baba na mama, wakawatundika na kuwachoma moto bila hukumu yoyote. Mtoto wao mdogo akaponea juu ya farasi. Na yule mtumishi aliyepeleka habari? Alisimama kati ya wale watu akijiona rafiki yao. Walipochoka kungoja, walimtundika yeye.

Jambo hilo la mwisho halikuwekwa ili kuchekesha wala kuongeza damu. Sisi tulipoitazama picha, hapo ndipo tulipojiuliza mtu huyu asiye na fedha alipata wapi ushujaa wa kuonyesha habari kama hiyo, tena katika mji gani. Maana katika Chicago, Julai 1919, ulikuwa umetokea ugomvi mkubwa kati ya watu weupe na weusi, na watu 38 walikufa. Wakaguzi wa picha waliogopa kwamba Within Our Gates itawasha moto upya. Kwanza waliikataa, baada ya mabishano wakaikubali, vipande kadha vikikatwa. Mahali pengine wenye nyumba za sinema hawakutaka hata kuigusa. Micheaux hakuificha habari hiyo. Aliitia katika matangazo yake, watu wajue kwamba iko picha iliyokatazwa, na kwamba yeye anayo. Alikuwa mfanya biashara, hilo tusilisahau.

Namna alivyopunguza gharama ni jambo la kufaa kulieleza. Hakuwa na jumba la kupigia picha. Akihitaji sebule ya tajiri, aliazima nyumba ya rafiki kwa siku moja. Utepe wa picha ulikuwa ghali, kwa hiyo mchezaji alipigwa picha mara moja tu. Akikosea neno au akijikwaa, kosa lilibaki. Wachezaji aliwatwaa katika vikundi vya michezo ya jukwaani, kama yule bibi hodari Evelyn Preer aliyecheza nafasi ya Sylvia, watu waliokwisha kujua kazi yao wasiohitaji kufundishwa siku nyingi. Na ili wapate sifa aliwalinganisha na wachezaji wazungu waliokuwa mashuhuri. Lorenzo Tucker, kwa mfano, alitangazwa kuwa Valentino mweusi.

Halafu alikuwa na hila moja iliyowashangaza wengi. Picha moja ikiwa ingali ikionyeshwa, alisafiri toka mji hata mji akiwa na maandishi ya picha itakayofuata, pamoja na sanamu za wachezaji wake. Alikuwa mtu mrefu, mnene, apendaye makoti marefu na kofia pana, na aliingia katika ofisi ya mwenye nyumba ya sinema kana kwamba mfuko wake umejaa. Alimwonyesha zile sanamu, akamsimulia hadithi, akamwomba alipe sehemu ya fedha mbele ili awe wa kwanza kuipata. Kwa fedha hizo ndipo alipokwenda kuitengeneza ile picha ambayo ilikuwa haijawako bado. Ndiyo njia aliyoijua tangu siku za vitabu: muuzaji alitangulia, mtengenezaji akamfuata nyuma.

Nyumba alizoziuzia zilikuwa chache. Kusini watu weusi hawakuruhusiwa kuketi pamoja na wazungu. Walipandishwa orofani, au waliingizwa usiku wa manane baada ya wazungu kwenda zao. Nyumba zilizokuwa za watu weusi peke yao zilikuwa haba mno zikilinganishwa na maelfu ya nyumba za nchi nzima. Ndiyo kusema kwamba hata picha iliyopendwa sana haikuweza kuleta fedha nyingi. Micheaux hakuwa na uwezo wa kutengeneza nakala nyingi. Nakala chache zilipelekwa kwa gari moshi toka mji huu hata huu, zikakwaruzwa, zikakatika, zikaungwa, hata zikachakaa kabisa. Neno hili twaomba mliweke moyoni, maana tutalirudia.

Mwaka 1925 alitengeneza Body and Soul, yaani Mwili na Roho. Ndani yake mchezaji mmoja acheza watu wawili: mhubiri mlaghai awaibiaye wafuasi wake, na ndugu yake aliye mwema. Bila shaka yule mkwe wa Chicago hakuwa amesahauliwa. Mchezaji huyo alikuwa Paul Robeson, na hiyo ilikuwa mara yake ya kwanza kuonekana katika sinema. Watu wa Afrika ya Mashariki wanalo jambo dogo la kukumbuka juu ya Robeson: miaka kumi baadaye, katika picha ya Uingereza iitwayo Sanders of the River, alicheza mbele, na nyuma yake kati ya wale watu wengi wasio na majina alikuwamo kijana wa Kenya, Jomo Kenyatta. Picha hiyo iliyotengenezwa kwa fedha nyingi iliusifu utawala wa wageni, na Robeson mwenyewe aliichukia baadaye. Picha ya Micheaux ya fedha kidogo hakupata sababu ya kuichukia kwa namna hiyo.

Mwaka 1928 Micheaux alifilisika. Sinema ya sauti ilikuwa ikiingia, nayo ilihitaji mashine mpya za gharama kubwa, na makampuni mengine madogo ya watu weusi yalikufa. Yeye alipata fedha kwa wazungu wenye nyumba za michezo katika Harlem, mtaa wa watu weusi wa New York, na mwaka 1931 akatoa The Exile, picha ndefu ya kwanza ya sauti iliyotengenezwa na mtu mweusi. Mkewe wa pili, Alice B. Russell, aliyemwoa mwaka 1926, alicheza katika picha zake, akasaidia kazi, na katika picha kadha jina lake yeye ndilo lililoandikwa kuwa mtengenezaji.

Hatupendi kumsifu kupita kiasi. Sauti ilizifunua kasoro ambazo zamani hazikusikika: mchezaji asitaye akitafuta maneno, mazungumzo yasemwayo kama somo la darasani. Iko kasoro nyingine iliyo kubwa zaidi. Mara nyingi watu wema katika picha zake walikuwa wale wenye rangi ya maji ya kunde, na waovu walikuwa weusi zaidi. Watu wake mwenyewe waliliona jambo hilo. Mwaka 1938 picha yake God's Step Children ilipoonyeshwa New York, watu walisimama mlangoni kuipinga, na ikaondolewa. Aliyeanza kazi ili kuwajibu waliowadharau watu weusi aliambiwa kwamba naye anawadharau. Kuna waandishi waliomtetea na wengine waliomshutumu. Kwa maoni yetu shutuma ile ilikuwa ya haki, wala haiifuti Within Our Gates.

Baada ya mwaka 1940 aliacha sinema akarudia vitabu, akiviuza kwa mkono wake kama alivyofanya alipokuwa kijana. Mwaka 1948 alijaribu mara ya mwisho. Picha iliitwa The Betrayal, ilikuwa ndefu kupita saa tatu, na hadithi yake ilikuwa ile ile ya mkulima mweusi katika South Dakota. Magazeti hayakuihurumia, na watu hawakuja. Tarehe 25 Machi 1951 alifariki katika mji wa Charlotte, North Carolina, akiwa safarini, akazikwa Great Bend, Kansas, penye jamaa zake. Alikuwa ametengeneza picha zaidi ya 40 na kuandika vitabu saba.

Basi turudi kwa zile nakala. Utepe wa siku zile ulifanywa kwa kitu kishikacho moto upesi, na kisipotunzwa vema huoza chenyewe, kikawa kama gundi na mwisho vumbi. Kampuni kubwa lilikuwa na stoo na walinzi. Mtu aliyeishi kwa fedha za picha ijayo hakuwa na mahali pa kuitunza picha iliyopita. Kati ya picha zote za Micheaux, zilizosalia hazifiki 20. The Symbol of the Unconquered ya mwaka 1920 ilionekana Ubelgiji. Within Our Gates ilidhaniwa kuwa imepotea kabisa kwa miaka mingi, hata nakala moja ikaonekana Hispania, katika nyumba ya kuhifadhia sinema, ikiwa na jina la La Negra, yaani Mwanamke Mweusi. Maneno yote yaliyoandikwa kati ya picha na picha yalikuwa yamegeuzwa kuwa ya Kihispania. Maktaba ya Bunge la Marekani iliipokea, ikayafasiri maneno yale tena kwa Kiingereza, na mwaka 1993 kazi ya kuitengeneza ikaisha. Hivyo maneno ya Micheaux tuyasomayo humo leo ni maneno yaliyovuka bahari na kurudi, yakabadili lugha mara mbili.

The Homesteader, ile ya kwanza, iliyolipiwa na wakulima wa Sioux City, haijaonekana mpaka leo. Yamebaki matangazo ya magazeti, na kitabu chenyewe.